Jiwe Lenye Kiuno

Kwa miaka sita Jastin Mkude alikuwa akiambiwa kwa adabu kwamba amekosea, na sijui kama kuna jambo linalochosha mtu kuliko hilo. Mtu akikutukana, unamjibu. Akikuandikia "tunakushukuru kwa juhudi zako", utamjibu nini?

Alikuwa fundi wa maabara ya fizikia katika chuo kimoja mjini Morogoro. Kazi yake ilikuwa kuunga nyaya zilizokatika, kuwaazima wanafunzi mizani, kisha kuwafuata hadi mabwenini wairudishe. Lakini jioni alipanda kwenye paa la nyumba yake ya Kihonda na darubini ambayo chuo kilikwisha kuiandika kuwa mbovu, yeye akaifufua kwa mikono yake, akakaa nayo kupima jiwe moja tu. Majirani walisema afadhali angekuwa mlevi, kwa sababu mlevi angalau hulala mapema.

Jiwe lenyewe liko mbali, kati ya Mirihi na Mshtarii, moja katika yale maelfu yanayolizunguka jua. Wataalamu huyaita asteroidi. Kwenye darubini ya Jastin lilikuwa nukta, si zaidi. Ila nukta hiyo inajizungusha, na kwa kuwa inajizungusha mwanga wake hupanda na kushuka: ikikugeuzia ubavu inang'aa, ikikugeuzia ncha inafifia. Unaipima kila baada ya dakika chache, unailinganisha na nyota za jirani ambazo mwanga wake haubadiliki, unachora. Mchoro ukitoka na mawimbi ya taratibu, basi jiwe ni kama kiazi. Wa Jastin haukutoka hivyo. Ulishuka ghafla, kwa ncha kali, mara mbili katika kila mzunguko wa saa tisa na dakika kumi na nane. Alirudia mwaka wa pili, wa tatu, hadi wa sita, ukashuka vilevile. Mwanga haushuki namna hiyo, alisema, isipokuwa kwa jiwe lililobanwa katikati, mabonge mawili yaliyoshikana kama karanga ndani ya ganda. Jiwe lenye kiuno.

Aliandika makala, ikarudishwa. Akaiandika upya, ikarudishwa tena. Darubini ni ndogo, walisema, na anga ya Morogoro ina unyevu. Kwamba mwandishi ni fundi asiye na shahada hawakusema, lakini Jastin hakuwa mtoto.

Kisha Oktoba ikaleta kitu ambacho hakukitarajia. Jiwe lilikuwa likielekea kupita mbele ya nyota, na si nyota ya kutafutwa kwa tochi, bali moja ya zile zilizo kichwani mwa kundi la nyota la Nge, ambayo hata bibi kizee anaiona kwa macho matupu. Kivuli cha jiwe kingepita juu ya Mkoa wa Morogoro, na mtu yeyote atakayekuwa ndani ya kivuli hicho ataona nyota ikizimika kwa sekunde chache, kisha ikiwaka tena. Ukijua ilizimika kwa muda gani hapa, na kwa muda gani kule, unachora umbo la jiwe bila kubahatisha. Mara nyingine jiwe lile litakapoficha nyota angavu kiasi kile juu ya nchi hii ni baada ya miaka thelathini na minane. Jastin alikuwa na arobaini na tatu. Hesabu hiyo aliifanya mara moja, hakuirudia.

Aliyepanga kazi yote alikuwa Sharifa, mhadhiri wa fizikia, mwanamke mwembamba anayeongea haraka na kusikiliza taratibu. Aliweka vituo vitatu. Kelvin, msaidizi wake, alikwenda Turiani, kaskazini. Yeye mwenyewe alikaa Dakawa, katikati, na kamera pekee waliyokuwa nayo. Kituo cha kusini kiliwekwa juu ya Mlali, kwenye mteremko wa Uluguru, na huko ndiko jambo zima lingeamuliwa. Jiwe likiwa na kiuno, mstari wa kivuli unaopita Mlali utayakata mabonge yote mawili: nyota itazimika, itarudi kidogo, itazimika tena. Likiwa kiazi tu, itazimika mara moja au haitazimika kabisa.

"Mlali nampeleka Jastin," Sharifa alisema kwenye kikao.

Mkubwa mmoja wa idara akacheka. "Huyo ataona hata visivyokuwepo. Mwenye kesi unampa kalamu ya hakimu?"

"Ataandika atakachokiona. Namdhamini mimi."

Jastin alikuwa pale, amesimama karibu na mlango kwa sababu viti havikutosha. Maneno hayo ya Sharifa yalimwingia, na aliyabeba hadi Mlali kama mtu aliyebeba maji yaliyojaa hadi ukingoni.

Na huko Mlali ndiko kulikokuwa ukweni kwake. Mama wa mke wake, Bi Felista, alikuwa na shamba la kabichi na karoti kwenye matuta, na kwa Waluguru ardhi hufuata upande wa mama, kwa hiyo shamba lilikuwa lake kwelikweli, yeye na dada zake. Mwanamume aliyeoa hukanyaga pale kwa heshima. Jastin alilelewa Matombo, upande wa pili wa milima, na heshima hiyo aliinyonya pamoja na maziwa ya mama. Mbele ya mama mkwe hukai, huvai kofia, wala humtazami usoni. Unasogea pembeni, unainamisha kichwa, unaamkia, unangoja apite.

Sehemu tambarare yenye kuona magharibi bila mti wala paa ilikuwa moja tu, kando ya njia inayopanda kwenda nyumbani kwa Bi Felista. Jastin akasimamisha darubini hapo. Kutwa nzima alihangaika kuwaomba watu. Aliwaomba majirani wasiwashe tochi kuanzia saa moja na nusu. Alimwomba Stephano wa bodaboda aiache pikipiki yake chini barabarani. Alimwomba katekista, kwa kuwa ulikuwa mwezi wa Rozari, jumuiya wasalie nyumba ya chini siku hiyo, wasipandepande na taa. Watu wote wakakubali, wengine wakicheka.

Ila mtu mmoja hakumwomba kitu: Bi Felista. Mke wake, Rehema, ambaye alibaki mjini na watoto, alimpigia simu saa kumi na moja.

"Na mama umemwambia?"

"Nimwambie nini?"

"Asipite hapo wakati wa kazi yako."

"Rehema, hebu sikiliza unavyosema. Nimwambie mama asipite njia yake, kwenda nyumbani kwake, kwenye shamba lake?"

"Basi nimpigie mimi."

"Acha. Atakuwa kwenye Rozari. Haiishi kabla ya saa mbili hiyo."

Na kwa kweli Rozari ya jumuiya ile haijawahi kuisha kabla ya saa mbili, maana baada ya mafumbo yote huja matangazo, na baada ya matangazo huja michango. Jastin alikuwa na kila sababu ya kutulia.

Saa moja na nusu mbingu ilikuwa safi hadi inatisha. Chini, taa za Mlali zilitawanyika bondeni. Nge alikuwa amelala magharibi, kichwa chini, na nyota ile ilionekana wazi, chini kidogo ya ile kubwa nyekundu. Kwa kuwa hakuwa na kamera, Jastin angetumia njia ya wazee wa kazi hiyo: jicho kwenye darubini, simu moja inalia tiki kila sekunde na kupiga mlio mrefu kila dakika inapotimia, simu ya pili inanasa sauti zote. Nyota ikizimika unasema "Sasa!" Ikirudi unasema "Sasa!" tena. Baadaye unasikiliza na kuhesabu tiki.

Kivuli kilitarajiwa saa moja na dakika arobaini na mbili, kuzidi au kupungua kidogo. Sharifa alisema atazame dakika tatu mfululizo, asipepese macho zaidi ya lazima.

Arobaini na moja ikalia. Jastin akaweka jicho. Nyota ilikuwa imetulia katikati ya duara, ikitetemeka kidogo kwa upepo wa juu. Alihisi hata jasho la kope zake. Tiki, tiki, tiki. Alikuwa akipumua kwa mdomo. Miaka sita yote ilikuwa imejibana mle ndani ya tundu la darubini, na alijikuta anaomba, yeye ambaye kanisani huwa anahesabu vioo vya dirisha. Mara moja tu, alisema moyoni. Nionyeshe mara moja tu.

Mlio mrefu. Arobaini na mbili.

Tiki, tiki, tiki.

Akasikia kandambili zikikanyaga changarawe, hatua tatu nyuma yake, na kikohozi kile anachokijua, kikohozi cha mtu anayekujulisha kwa upole kwamba yupo. Bi Felista alikuwa ametoka kwenye Rozari mapema kwa sababu ya goti. Na kwa kuwa alisikia mkwewe hataki mwanga, alizima tochi yake tangu kule chini, akapanda gizani kwa kupapasa. Ndiyo maana Jastin hakumwona akija.

Ningependa kusema kwamba alifikiri. Hakufikiri. Mwili wake ulifanya ulichofundishwa tangu akiwa na miaka saba. Aliinuka, mkono ukavua kofia, miguu ikasogea nje ya njia, kichwa kikainama hadi akaona vidole vyake mwenyewe.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba." Akavuta pumzi. "Ee! Za kazi?"

"Nzuri mama."

"Ee," alisema tena, taratibu, kama watu wazima wanavyosema wakichoka na mlima. "Haya baba. Mungu akusaidie."

"Asante mama."

Akapita. Jastin akarudi kwenye darubini kama mtu anayekimbilia mtoto kisimani. Nyota ilikuwa pale pale, imetulia katikati ya duara, inatetemeka. Akaitazama hadi machozi yakamtoka. Arobaini na tatu ikalia, arobaini na nne ikalia. Nyota haikufanya lolote.

Simu ikaita kabla hajainuka.

"Imezimika!" Sharifa alikuwa anapiga kelele. "Jastin, imezimika! Sekunde tano, kamera imekamata yote! Kelvin kule Turiani amepigwa na mawingu, hana kitu. Sasa ni mimi na wewe tu. Kwako vipi?"

Hapo alikuwa na njia moja ya kupita, nayo ilikuwa nyembamba. Aseme: sikuwa nikitazama, mama mkwe alipita, nikamwamkia. Aliyasikia maneno hayo kichwani kabla hayajatoka, akasikia na kicheko cha yule mkubwa wa idara, kicheko kirefu cha mtu aliyepata hadithi ya kusimulia kila kikao hadi siku ya kustaafu. Akamwona Sharifa, aliyemdhamini, ameketi katikati ya kicheko hicho. Na tena, alijiambia, nimeinua jicho sekunde ngapi? Kumi? Kumi na mbili? Katika dakika tatu nzima? Ingekuwa imezimika ningeiona.

"Haikuzimika," alisema.

"Kabisa?"

"Imekaa vilevile."

"Ulitazama dakika zote tatu?"

"Zote."

Sharifa alijua vizuri kuliko mtu yeyote duniani Jastin alikuwa amezika nini kwa neno lile. Kama nyota haikuzimika Mlali, jiwe halikuwa na bonge la pili upande huo, wala kiuno. Lilikuwa kiazi kifupi, na miaka sita ilikuwa hesabu mbovu.

"Pole sana, kaka," alisema. "Na hongera. Kuna watu hawakuamini kwamba ungeweza kusema hivyo. Jaza fomu, tuma na sauti."

Jastin akakaa kwenye tuta la kabichi. Akafungua ile simu ya pili, akabonyeza asikilize. Tiki, tiki, mlio mrefu, tiki, tiki, kisha kikohozi, kisha sauti yake mwenyewe, nyembamba, ya mtoto mwenye adabu: "Shikamoo mama." Hakuweza kuendelea. Uso ulimwaka moto hata pale gizani peke yake. Akaifuta ile sauti. Akaenda na kule simu inakoweka vilivyofutwa, akafuta na huko, asije akajaribiwa. Kisha akamwandikia Sharifa kwamba simu ilijaa na haikunasa.

Fomu ilikuwa na visanduku vitatu: ilizimika, haikuzimika, sikutazama. Alitia alama kwenye kile cha katikati. Hakusita hata kidogo, na hilo ndilo lililomwogopesha.

Hakulala. Lakini sikiliza ajabu ya moyo wa mtu: hakukosa usingizi kwa sababu ya uongo. Uongo alikuwa amekwisha kuufunga katika kitambaa na kuuita kosa dogo. Alililia jiwe lake. Alikuwa ameanza kuamini kwamba kweli nyota haikuzimika, kwamba walioirudisha makala yake walikuwa sahihi, na kwamba yeye ni fundi aliyeota ndoto kubwa kuliko darubini yake. Akakumbuka siku ya ubatizo wa mwanawe wa mwisho, alivyoondoka kwenye sherehe kwa sababu jiwe lilikuwa linachomoza. Akakumbuka Rehema akimwuliza, bila hasira, kama jiwe linajua jina lake. Alijipiga kifua kwa ngumi, polepole, asiwaamshe watu.

Usiku wa manane ujumbe wa Sharifa uliingia. Kamera ya Dakawa ilionyesha nyota imezimika saa moja, dakika arobaini na mbili na sekunde kumi na saba. Jastin aliutazama ujumbe huo kwa muda mrefu. Ule mlio wa arobaini na mbili ulikuwa umelia muda mfupi kabla ya kikohozi. Muda mfupi kiasi gani? Sekunde tano? Kumi na tano? Yaliyomo katika sauti ile yangemwambia, lakini sauti haikuwepo. Akageuza simu, akailaza kifudifudi.

Asubuhi ukaja ujumbe mwingine. Yule mkubwa wa idara, Sharifa aliandika, alikuwa ameisoma fomu na kusema mbele ya watu: yule fundi ni mtu mkweli, ameua hoja yake mwenyewe kwa mkono wake, mtu wa namna hiyo unaweza kumwamini. Ripoti itakwenda nje kesho, na jina la Jastin litakuwa la pili. Miaka sita alikuwa akisubiri mtu aseme anaaminika. Alisoma mara tatu, kisha akaenda kufungasha darubini.

Alikuwa anafungua miguu ya darubini ili aikunje, Bi Felista alipotoka jikoni na bakuli la uji. Jastin akasimama, akavua kofia, akaamkia. Bi Felista akaliweka bakuli juu ya jiwe kando ya njia, asimpe mkononi, akageuka kuondoka kama ilivyo desturi. Kisha akasita. Alikuwa mwanamke asiyesema sana, na kwa mkwewe ndiyo kabisa, lakini jambo lilikuwa linamwasha.

"Baba, nikuulize."

"Ndiyo mama."

"Ile nyota yako. Rehema alinionyesha juzi juzi alipokuja, kwamba ndiyo uliyoifuata. Huwa inafanya vile kila siku?"

Jastin aliinua uso. Alimtazama mama mkwe wake machoni, kwa mara ya kwanza katika miaka kumi na minne ya ndoa, na wala hakujua kwamba anafanya hivyo.

"Inafanyaje mama?"

"Si ilizimika. Wewe ulikuwa umeinama unaniamkia, mimi nikatazama kule ulikokuwa ukitazama. Nikaiona inazimika, kama mtu kaiziba kwa kidole. Nikashangaa, nikasema ee! Ikarudi, kitambo kidogo tu. Ikazimika tena. Nikasema ee tena. Halafu ikakaa sawa." Akayashusha macho, ameona haya kwa kusema mengi. "Nilijua umeiona. Kazi ni yako."

Jastin alikaa chini. Alikaa mbele ya mama mkwe, kwenye udongo, na darubini ikaanguka upande mmoja. Jiwe lilikuwa na kiuno. Lilikuwa nacho siku zote, na alikuwa sahihi tangu mwaka wa kwanza, juu ya paa la Kihonda, na darubini mbovu na anga yenye unyevu. Na ule mshangao wa mama, ee ya kwanza na ee ya pili, alioudhania uchovu wa mlima, ulikuwa ndani ya sauti, pamoja na tiki za kuuhesabia. Ulikuwa kipimo kizuri kuliko alichoweza kupima yeye. Alikuwa nacho mfukoni, akakifuta kwa aibu ya shikamoo.

"Nimekuudhi baba?"

"Hapana mama," alisema. "Hapana."

Akampigia Sharifa pale pale, akiwa bado amekaa, kwa sababu alijua akisimama hatapiga. Akamweleza yote. Kikohozi, kofia, shikamoo, fomu, sauti iliyofutwa. Akamweleza alichokiona Bi Felista. Alieleza vibaya, akirudia maneno, akimeza mengine. Sharifa alimwacha amalize.

"Uliniambia simu ilijaa."

"Nilikudanganya."

"Ulisema dakika zote tatu."

"Nilikudanganya, Sharifa."

"Na sasa nikuamini lipi?" Hakuwa na hasira, na Jastin aliitamani hasira. "Jana umesema haikuzimika. Leo, baada ya kuwa na usiku mzima wa kufikiri, unasema imezimika mara mbili, hivyohivyo ulivyoandika kwenye makala zako. Sauti umeifuta. Shahidi ni mkweo, na hana saa. Mimi nakujua, labda nakuamini. Wale watu niwaambie nini?"

"Waambie ukweli."

"Upi? Niambie wenye kuthibitishika, nitauandika sasa hivi."

Jastin aliutafuta. Aliutazama mteremko, kabichi, uji unaopoa juu ya jiwe. Ukweli aliokuwa nao ulikuwa mkubwa na hauna hata mkia wa kuushikia. Uliobaki ulikuwa mdogo sana.

"Andika sikutazama," alisema.

"Hilo naweza." Akasikia vidole vyake vikibonyeza herufi. "Basi Mlali hakuna kipimo. Umbo litachorwa kwa Dakawa peke yake, na kwa Dakawa peke yake ni kiazi." Akavuta pumzi. "Jastin, usiniombe tena nikudhamini."

Simu ikakatika. Jogoo wa jirani alikuwa anawika bila sababu. Bi Felista alikuwa bado amesimama hatua chache, mikono ameifumbata kwenye khanga, maana alikuwa ameelewa kwamba yanayozungumzwa yanamhusu.

"Wameandika nilichoona?"

"Hapana mama. Wameandika kwamba mimi sikutazama."

Bi Felista akafikiri. Alikuwa mtu wa haki, na alitaka kusema jambo la kumtuliza, lakini hakuwa na tabia ya kusema lisilokuwepo.

"Si uongo, baba," alisema. "Ulikuwa unaniamkia."

Jastin akaitika, ndiyo mama. Kisha akasimama, akampa mgongo kama anayeokota miguu ya darubini, kwa sababu mkwe halii mbele ya mkwe, akalia akitazama bonde la Mlali.